Mrithi wa Monte Ruivo

Évora, nyumba ya watawa, 11 Machi 1662

Kwa Dom Fradique, bwana wa Monte Ruivo,

Salamu zangu leo ni chache, na sababu utaijua sasa hivi.

Jana baada ya sala ya adhuhuri niliitwa kwenye dirisha la nondo. Nikamkuta Dona Guiomar, shangazi yake Rui de Sequeira, na kikapu chake cha keki za lozi. Akaniangalia kwa ile huruma yake ya kutafuta maneno ya kwenda kusimulia.

"Maskini mwanangu," akasema, "na wewe ukamkataa Rui wetu?"

Nikamwambia sijamkataa mtu, maana hakuna aliyeniuliza. Akashika mdomo. "Hukuambiwa? Rui alikuja kukuposa tangu Krismasi! Kaka yako akamjibu kwamba moyo wako uko kwa Mungu."

Moyo wangu uko kwa Mungu! Ni nani aliyekukabidhi moyo wangu ukausemee, Fradique?

Mwaka wa nne huu niko humu ndani, na sikuletwa na wito. Nililetwa kwa sababu baba alitaka kila kitu kibaki kwako. Acha nikukumbushe vizuri, maana barua hii inaletwa na mtumishi wako Tomé, na Tomé hajui kusoma. Baba alipata watoto wawili tu, wewe na mimi, sote mabinti. Urithi wetu haushikwi na mwanamke. Kwa haki ulikuwa uende kwa ami Gaspar siku ile baba anapofumba macho. Basi ulipozaliwa wewe, baba na mama na mkunga wakatoka chumbani wakasema: mtoto wa kiume. Ukabatizwa jina la kiume, ukafundishwa upanga. Nilikuwa na miaka tisa nilipokukuta unaoga kule kisimani, na mama akanizaba kofi mpaka nikaapa kwamba sijaona kitu. Sasa mama hayupo, baba hayupo, mkunga hayupo. Anayejua kwamba chini ya koti lako la ngozi kuna binti nimebaki mimi, na mimi nimenyamaza.

Wivu nilikuwa nao, sikufichi. Nilikuonea wivu farasi. Nilikuonea wivu funguo kiunoni. Nilikuonea wivu ile namna yako ya kukaa mezani umetanua miguu, unabishana na wanaume, na hakuna anayekuambia nyamaza. Nikajisemea, haya, apewe.

Lakini Rui! Alikuja hapa dirishani mara saba, Fradique. Mara ya mwisho alipitisha vidole kati ya nondo akanigusa mkono, na sista mlinzi akajifanya anatafuta rozari yake chini. Wewe unalala naye hema moja. Unakula naye chungu kimoja. Na alipotaka kuja kwangu, ukamfungia mlango.

Unampenda. Sema tu. Uliuchukua uanaume ukaona hautoshi, sasa unataka na uanamke wangu pia.

Nijibu.

Violante


Kambini, karibu na Campo Maior, 29 Machi 1662

Dada yangu Violante,

Barua yako imefika ikiwa imelowa, lakini maneno yake hayakupoa.

Ni kweli Rui aliniomba. Ni kweli nilimwambia hivyo. Mimi ndiye mkuu wa nyumba hii sasa, na wakati wa vita si wakati wa harusi. Wakastilia wako ng'ambo ya mto, tunaona moshi wa mikate yao asubuhi. Wiki iliyopita tulizika watu sita. Ungependa uolewe Pasaka uwe mjane Pentekoste?

Hayo mengine uliyoandika nitayachukulia kuwa ni ya njaa ya Kwaresima.

Unauliza hema. Haya, nikusimulie hema. Rui anakoroma. Rui anaosha soksi zake mara moja kwa mwezi na kuziita safi. Juzi Rui alimwambia kamanda mbele ya watu wote, "Mheshimiwa, huyu Fradique asiponigombeza, naenda naye popote; akinigombeza, nakimbia mbele yake," na kila mtu akacheka. Mvua ikinyesha tunajifunika joho moja, lake, maana langu lilichomwa na cheche. Rui ananifundisha wimbo wa kwao. Ndivyo wanavyoishi wanaume vitani, hakuna zaidi.

Na kama unaogopa kwamba ninajulikana, usiogope. Hata nilipopigwa risasi ubavuni mwaka juzi nilizinduka nikakuta nimeshafungwa vitambaa na kuvishwa shati safi. Tomé ananiapia ni yeye, na macho ya Tomé hayaoni tena mbele ya pua yake.

Mwezi Juni unamaliza unovisi wako, kisha ni nadhiri. Mama mkuu ananiandikia kwamba una sauti nzuri kwenye kwaya. Tulia, dada yangu.

Fradique


Évora, 14 Aprili 1662

Fradique,

Nimehesabu. Umeandika jina la Rui mara nne katika aya moja. Langu umeliandika mara moja, juu kabisa, kwa sababu barua lazima iwe na jina.

Nimekuelewa. Mimi nitafanya linalonihusu.

Violante


Évora, 14 Aprili 1662

Kwa Kapteni Rui de Sequeira, mkononi mwake mwenyewe,

Samahani kwa kukuandikia bila ruhusa ya mtu. Nimepata habari kwamba uliniomba ukaambiwa sikutaki. Si kweli. Sikuulizwa.

Unastahili kujua kwa nini umenyimwa. Yule unayemwita Fradique, unayejifunika naye joho moja, ni mwanamke. Alizaliwa mwanamke, na baba yetu alilificha jambo hilo ili mali isitoke. Hakukunyima dada yake kwa ajili ya Mungu wala kwa ajili ya vita. Amekunyima kwa sababu anakutaka mwenyewe. Ukitaka kuhakikisha, macho unayo.

Ninakungoja dirishani.

Violante


Campo Maior, 2 Mei 1662

Dona Violante,

Barua yako nimeichoma mara tu nilipomaliza kuisoma, na majivu nimeyakanyaga.

Desemba ya mwaka juzi, kwenye kivuko cha mto Caia, kaka yako alipigwa risasi ubavuni. Tomé alikuwa nyuma na nyumbu. Mimi ndiye niliyembeba mgongoni hadi kwenye kinu kibovu, na mimi ndiye niliyechana shati lake kwa kisu ili nizuie damu. Nikaona. Nikamfunga jeraha, nikamvisha shati langu, na Tomé alipofika nikamwamuru aseme ni yeye aliyefanya.

Kwa hiyo nimejua kwa mwaka mmoja na miezi minne. Sikumwuliza yeye ni nani, kwa sababu nilikuwa ninamjua tayari. Ni mtu aliyerudi peke yake kwenye kivuko kile kunichukua mimi, ndipo akapigwa. Hajui kwamba ninajua, na nisingependa ajue, maana naona anavyojilinda, na sitaki ajilinde na mimi pia.

Ulichoandika kwenye karatasi ile kingeweza kumpeleka kizuizini. Kingeweza kuanguka njiani. Kingeweza kusomwa na mwingine. Uliyafikiria hayo? Naona uliyafikiria, kisha ukapaka nta na kupiga muhuri.

Nilikuwa ninakupenda. Nilihesabu siku za kuja dirishani. Sasa nakuogopa, na mtu hawezi kumwoa anayemwogopa.

Sitamwambia. Wewe ukitaka kumwambia, hiyo ni juu yako.

Rui de Sequeira


Kambini, 20 Mei 1662

Violante mpendwa,

Sijui nianzie wapi, kwa hiyo nitaanza na lile linaloniumiza zaidi.

Ulisema nampenda Rui. Nimetembea na neno hilo wiki saba kama mtu mwenye kokoto kiatuni. Si vile unavyodhani, ila wivu ninao, na nilikudanganya niliposema ni vita tu.

Rui akinitazama anamwona Fradique, basi. Hakuna mwingine duniani anayenitazama hivyo. Baba alinitazama akaona mali yake imepona. Mama alinitazama akaona dhambi yake. Wewe unanitazama unamwona mwizi. Nilifikiri: Rui akimwoa Violante, watalala mto mmoja, na siku moja, kwa hasira au kwa mapenzi, Violante atamwambia. Siku hiyo jicho lake litabadilika, na mimi nitakuwa sina mahali tena. Ndiyo maana nikasema moyo wako uko kwa Mungu. Nilikufungia wewe ili nijiokoe mimi.

Na jambo jingine, maana nimeshaanza. Nilikuonea wivu. Wewe uko nyuma ya nondo, na bado mtu anaendesha farasi siku mbili kuja kukugusa vidole, na huna cha kumficha.

Umeandika kwamba chini ya koti langu kuna binti. Umekosea, Violante. Unadhani nimevaa uanaume kama mtu anavyovaa joho la mvua, na kwamba mvua ikikatika nitalivua. Nimejipekua miaka ishirini na saba. Humo ndani hakuna mtu mwingine anayengoja kutoka. Ni mimi tu.

Basi jana nilimwita Rui nikamwambia, "Ile habari ya dada yangu, jibu langu lilikuwa la uongo. Mchukue, nimekubali." Nilitegemea atanikumbatia. Akafunga kamba ya tandiko iliyokuwa imefungwa tayari. Akasema, "Nilisema mapema mno, Fradique. Tuyaache." Nikamwuliza kuna nini. Akasema, "Tuyaache, nakuomba." Sielewi. Nahisi nimechelewa kwa kosa langu mwenyewe, na ninakuomba msamaha.

Sasa habari mbaya. Ami Gaspar amepeleka mashtaka. Anasema sina ndevu, sijaoa, simruhusu dobi kugusa nguo zangu, na kwamba nyumba ya baba inashikwa na mwanamke. Hakimu hatathubutu kumvua nguo afisa wa mfalme kwa maneno ya mitaani, lakini atakuja kwako kukuapisha, kwa kuwa wewe ndiwe ndugu wa tumbo moja uliyebaki. Ukisema neno moja tu, nitavuliwa.

Sikuombi kitu. Nilikunyima haki yako, sina uso wa kukuomba. Nimekuandikia ili usishtuke ukiitwa.

Kaka yako,
Fradique


Évora, 9 Juni 1662

Fradique,

Walikuja jana. Nitakusimulia yote, hata yale ambayo ukiyasoma utatamani nisingekuwa ndugu yako.

Kwanza aliingia ami Gaspar peke yake, kabla ya hakimu. Mama mkuu alimruhusu kuingia hadi sebuleni. Amenenepa, na pete zimemzama vidoleni. Akaniita "malaika wangu".

"Malaika wangu, humu si mahali pako," akasema. "Useme kweli tu, na mimi nakutoa kesho. Nina mtu tayari wa kukuoa, ana nyumba Lisbon yenye madirisha yanayotazama mto. Si ya nondo!" Akacheka mwenyewe. "Na yule msichana tutamtafutia pahala. Hata hapa hapa, kitanda chako kitakuwa wazi. Mpenda suruali yule, atajifunza kufuma. Si anakutaka ukae humu? Mpishe aone raha yake."

Fradique, nilimsikiliza. Maneno yake yalikuwa yangu. Yote nilikuwa nimeshayasema, ila mimi niliyasema nikilia, na yeye aliyasema akila biskuti za mama mkuu.

Maana nimekuuza. Tarehe 14 Aprili, siku ileile niliyokuandikia mistari minne, nilimwandikia Rui barua nikamwambia wewe ni nani, au niseme, nilimwambia lile ambalo mimi nilidhani ndiwe. Nilitaka akuchukie. Rui alinijibu kwamba anajua. Amejua tangu Caia. Shati ulilozindukia nalo ni lake, na Tomé aliamriwa kusema uongo. Amelala karibu nawe mwaka mzima na zaidi akijua. Jicho unaloogopa litabadilika, lilishaona, na halikubadilika. Aliyekoma kumheshimu ni mimi. Ndiyo maana alifunga kamba iliyokuwa imefungwa. Si kosa lako. Ami hakupata kitu kutoka kwangu; barua Rui aliichoma.

Haya, hakimu akaingia na karani wake. Mzee mwembamba, ana mafua. Wakaniwekea Injili mbele.

"Dom Fradique ni nani kwako?"

"Kaka yangu mkubwa, mwana wa baba na mama yangu."

"Umewahi kuona kwake kitu chochote cha kukutia shaka, katika utoto au baadaye?"

Ami alinikonyeza. Hakimu alikuwa akitazama leso yake, mimi nilikuwa ninatazama jicho lile la ami.

"Nimeona mengi," nikasema. "Ana kiburi. Ni mchoyo wa farasi wake. Huamua mambo ya wanawake bila kuwauliza, kisha hushangaa wakikasirika. Hana ndevu, kweli, na ami yangu hapa hana nywele. Kama vitu hivyo ndivyo vinavyomfanya mtu kuwa mwanamke, basi mheshimiwa aanze kumkagua ami."

Karani akacheka hadharani. Hakimu akakohoa ndani ya leso muda mrefu kuliko mafua yanavyohitaji. Ami akasimama akaanza kupiga kelele, "Anadanganya! Mama yake mwenyewe—" na hakimu akamwambia, "Dom Gaspar, keti. Unazungumza mbele ya novisi aliyeapa."

Nikatia sahihi. Shauri limefungwa.

Nimeapa kwa Injili, na atakayekwenda kuulizwa na Mungu ni mimi. Usije ukadhani nilifanya kwa wema. Nilipomwona ami ananikonyeza, nilikuonea uchungu kama mtu anavyouonea uchungu mguu wake mwenyewe. Hilo ndilo lililotokea, sina maelezo mazuri zaidi.

Nadhiri zangu ni tarehe kumi na tano ya mwezi ujao. Nitaziweka. Sasa unajua kwa nini hakuna wa kuniomba tena.

Violante


Kambini, 27 Juni 1662

Violante,

Niliposoma mara ya kwanza nilitaka kuichana. Mara ya pili nilitoka nje nikatembea hadi kwenye mto, walinzi wa upande wa pili wakanipigia mluzi na sikujificha.

Uliniuza, kisha ukaninunua. Sijui nishike lipi. Kwa siku nne nilishika la kwanza tu.

Jana mchana tulikuwa tunakula, mimi na Rui, juu ya ngoma iliyopinduliwa. Nikamwambia, "Ulijua."

"Nilijua nini?"

"Rui."

Akaendelea kukata jibini. "Nilijua una mbavu nyembamba, na ukiwa na homa unatukana kwa Kikastilia. Nilitaka kukushtaki kwa hilo la pili."

"Kwa nini hukusema?"

"Ulitaka niseme?"

Nikafikiri. "Hapana."

"Basi." Akanisukumia kipande kikubwa zaidi. Baadaye, tulipokuwa tunafunga farasi, akasema bila kunitazama, "Ulidhani ningekuacha. Hilo ndilo linaloniudhi." Nikajifanya nimepata vumbi machoni. Na yeye akajifanya ameamini.

Nilimwuliza habari yako. Sitakudanganya tena: alisema hapana. Alisema amesikia ulichomwambia hakimu na amefurahi, na bado ni hapana. Sitamwuliza mara ya pili.

Nimemwandikia mama mkuu kwamba mimi, mkuu wa ukoo, nimeondoa idhini ya nadhiri zako. Barua yake inaondoka pamoja na hii. Monte Ruivo haina mtu. Msimamizi ananiandikia habari ya mizeituni kana kwamba mizeituni ni ndugu zake, na wapishi wanagombana. Funguo nimeziacha kwa mke wa msimamizi. Akupe wewe, zote, pamoja na ya chumba cha baba. Farasi mweupe ni wako, mkali kidogo upande wa kushoto. Nitakuja huko kwa likizo mwezi wa Julai, tukiwa hai.

Sijakusamehe, Violante. Ila sitaki kukusamehe ukiwa umefungiwa.

Kaka yako,
Fradique


Estremoz, nyumba ya wageni, 13 Julai 1662

Kaka,

Angalia ninaandikia wapi. Nimetoka jana asubuhi. Mama mkuu alinibusu kwenye paji la uso na kusema kwaya imepata hasara. Sista mlinzi alilia kuliko mimi. Mguu ulipokanyaga barabara nilisimama pale pale kama mjinga, nyumbu akanisukuma kwa pua.

Mwenye nyumba hii ya wageni ananiambia mmeshafika Monte Ruivo tangu Jumapili, wewe na kapteni mwembamba anayeimba. Kwa hiyo Rui yuko.

Nilidhani nikishatoka mle ndani kitu hiki kitaisha. Hakijaisha. Mwenye nyumba aliposema mnapita mkiwa mmeongozana, mnacheka, niliweka kijiko chini na mchuzi ukapoa. Zamani nilikuonea wivu kwa sababu nilidhani umemchukua. Leo nakuonea wivu kwa sababu najua nini hasa unacho kwake, na mimi nilikuwa karibu kukipata nikakivunja kwa mkono wangu. Huu wa pili unauma zaidi ya ule wa kwanza. Nimekuja nao. Sikupata pa kuuacha.

Kesho alasiri nitakuwa langoni. Nakuomba umwambie Rui aende kuwinda, au kwa shangazi yake, popote. Niache nikasirike siku mbili tatu ndani ya nyumba yetu, nifungue vyumba, nipige kelele jikoni.

Halafu mwite aje ale.

Violante